Sekunde Kumi na Moja za Mama Nekoye

Nekoye alinipigia simu siku tatu baada ya kumzika mama yake. Alijitambulisha polepole, kama mtu asiye na hakika kwamba atakumbukwa. Alisema yeye ni yule binti wa Chwele, mtoto wa mke mkubwa wa marehemu mwalimu, na kwamba siku hizi anauza mboga Misikhu. Alikuwa ameniona kwenye televisheni nikihojiwa, akamsikia mtangazaji akinisifu kwamba naweza kuhariri filamu ya aina yoyote, akajiambia, si huyu ni yule msichana wa Kitale aliyekuja kwetu na mashine ya kanda? Alikuwa na ombi dogo. Mpwa wake alikuwa amerekodi mazishi kwa simu, vipande vingi visivyo na mpango, na yeye alitaka vipangwe viwe kitu ambacho wajukuu wanaweza kutazama. Nilimwambia nitakuja mwenyewe. Alishangaa, akasema si lazima nijisumbue, angeweza kunitumia. Nikasema nitakuja. Sikumweleza kwamba aliposema Chwele, kabla hajataja jina lake, nilikuwa nimeshamjua ni nani.

Vijana hunijia na kompyuta zao mikononi wakiniuliza nilianzaje, na siku zote huwatia moyo, kwa sababu hii ni kazi nzuri na inampa mtu mgeni nafasi ya kujifunza dunia akiwa ameketi. Nimehariri taarifa za habari, matangazo ya sabuni, nyimbo za kwaya, tamthilia za kila wiki, filamu za kuwafundisha wakulima kule Mabanga namna ya kukausha mahindi, na filamu ndefu mbili ambazo watu walipanga foleni kuziona. Lakini wanaponiuliza nilianzaje, mimi huwasimulia habari za mashine, kisha naruka mwaka mmoja. Mwaka huo ndio huu.

Nilikuwa na umri wa miaka ishirini na miwili, na kazi yangu ilikuwa Kitale, katika chumba kimoja nyuma ya kinu cha kusaga mahindi. Kinu kilipowashwa asubuhi meza yetu ilitetemeka, na sura za maharusi kwenye skrini zikatetemeka nazo, hata bwana harusi aliyetulia akaonekana ana homa. Mzee Shabani, mwenye studio, alikuwa amekata vipande vya tairi kuukuu akaviweka chini ya kila mashine ili zitulie. Vumbi la unga lilipenya kila mahali. Kazi yangu ya kwanza kila siku ilikuwa kufungua zile mashine na kupangusa ndani yake kwa kitambaa chenye spiriti, taratibu, kama mtu anayemwosha mtoto masikio. Mzee Shabani alizaliwa Bungoma mjini, nyumba chache kutoka msikitini, akahamia Kitale kwa sababu, alivyosema, watu wa Kitale wanapenda kuoana kuliko watu wa mahali pengine popote. Saa saba mkewe, Mama Zuhura, alituletea chakula katika sufuria iliyofungwa kitambaa, ugali na mrenda siku za kawaida, na pilau siku ya Ijumaa. Tulikula tukitazama kazi ya asubuhi bila sauti. Mzee alisema huo ndio wakati wa kujifunza, maana mtu mwenye tonge mdomoni hawezi kujisifu. Mpaka leo, nikikwama mahali katika filamu, nazima sauti na kutafuta kitu cha kula.

Sasa nieleze namna tulivyofanya kazi, kwa sababu bila hilo hutaelewa kosa langu. Leo kijana akisahau picha fulani katikati ya filamu, anafungua nafasi, anaitia, na vingine vyote vinasogea vyenyewe. Sisi tulikuwa na mashine mbili. Moja ilicheza kanda iliyopigwa kule shereheni, nyingine ilirekodi kile tulichochagua, picha baada ya picha, kuanzia mwanzo hadi mwisho. Ilikuwa kama kujenga ukuta wa matofali. Ukigundua kwamba tofali la chini limesahaulika, huwezi kulisukuma ndani. Unabomoa yote yaliyo juu yake na kuanza kujenga tena kutoka hapo. Mashine yetu ilikuwa na msaada mmoja tu. Kulikuwa na kitufe kilichokuruhusu kubandika picha mpya juu ya picha ya zamani bila kugusa sauti, mradi urefu wake ulingane. Nilikipenda kitufe hicho. Mzee Shabani hakukipenda. Alikiita kiraka.

Katikati ya mwaka tuliitwa Chwele kupiga picha za mazishi ya mwalimu mkuu mstaafu. Mzee alishika kamera, mimi nikabeba mfuko wa kanda na waya wa kipaza sauti. Boma lilikuwa limejaa, na kwa sababu waya wangu ulifika jikoni tu, nilisimama karibu na masufuria na kusikia mambo ambayo wageni wa mbele hawakuyasikia. Marehemu alikuwa na wake wawili. Mke mkubwa, ambaye sote tulikuja kumwita Mama Nekoye, alikuwa ameondoka bomani miaka mingi kabla, na sasa alikuwa amerudi na binti yake kumlilia mumewe. Wanawake waliokuwa wakichambua mchele hawakukubaliana juu yake.

"Miaka yote hiyo, ati leo ndio anakuja kuwa wa kwanza?" mmoja akasema.

"Alienda ama alifukuzwa?" mwingine akamjibu. "Ulize vizuri kwanza."

"Mimi sikuwa hapo."

"Basi chambua mchele, bana."

Jambo lenyewe lilikuwa udongo. Kwetu, jeneza likishateremshwa, watu hawatupi udongo ovyo. Mke mkubwa hutangulia, kisha mke mdogo, kisha watoto kwa kufuata nyumba zao, kisha ndugu, na mwisho kabisa majirani na wageni. Mahali pako katika mstari huo ndipo mahali pako katika boma. Asubuhi nzima wazee walikuwa wamekaa nyuma ya nyumba wakijadili kama Mama Nekoye bado ni mke. Japheth, mdogo wa marehemu, alisema hapana. Wazee wakakaa, wakajadili tena, na mwishowe wakasema ndiyo, atatangulia, na akitangulia neno litakuwa limekwisha: nyumba yake iliyobomoka upande wa mto ataijenga tena, na siku yake ikifika atalazwa kando ya mumewe. Hakuna aliyeandika chochote. Udongo ndio ungekuwa maandishi.

Mzee Shabani, ambaye mazishi ya kwao hayana mambo hayo, aliyaelewa kuliko mimi niliyezaliwa ndani yake. Aliniambia, "Kwa harusi watu wanaangalia pete. Kwa haya mazishi yenu wanaangalia udongo. Usinipoteze hapo." Basi jeneza lilipokwisha kuteremshwa, aliona kanda ya pili inakaribia kwisha. Aliogopa isimkatikie katikati ya tendo lenyewe. Akaitoa, akanisogelea pale jikoni, akaninyooshea mkono, nami kwa haraka nikampa kanda ya kwanza niliyoigusa mfukoni. Haikuwa ya tatu. Ilikuwa ya kwaya moja ya Misikhu, iliyobaki na nafasi ndogo mwishoni. Akampiga picha Mama Nekoye akiinama, akichota udongo kwa mkono wa kulia, akiuachia. Alipoona nafasi inakwisha, akaweka kanda ya tatu upesi na kuendelea na mke mdogo. Njiani tukirudi aliniambia mara mbili nisisahau kile kipande kilicho mwisho wa kanda ya kwaya. Nikamwambia sitasahau. Nilisahau.

Nilihariri mazishi yale kwa siku nne. Nilikuwa peke yangu, kwa sababu Mzee alikuwa amekwenda Bungoma kumwuguza dada yake, na nilitaka akirudi akute kazi ya kumshangaza. Nilichukua kanda ya pili, nikaiunga na ya tatu. Jeneza likashuka, kisha mke mdogo akatupa udongo, kisha watoto na ndugu mmoja baada ya mwingine. Niliweka wimbo wa taratibu chini ya picha hizo, na baada ya ndugu wa mwisho, kabla ya majirani, nikaweka picha ya shada la maua ili mtazamaji apumzike. Nilijenga ukuta wangu mpaka juu, hotuba zote, chakula, watu wakiagana, majina. Nilipokuwa napanga kanda rafuni ndipo nilipoiona ile ya kwaya.

Nakumbuka hata njaa niliyokuwa nayo, na sufuria ya Mama Zuhura ikiwa bado imefungwa kando yangu. Kurekebisha kulimaanisha kubomoa na kujenga upya zaidi ya saa moja ya filamu, kazi ya siku mbili, na Japheth alikuwa anakuja kuichukua kesho yake. Kwa hiyo nilifikiri kama mhariri. Nilijiuliza, si mahali gani panapomstahili huyu mama, ila mahali gani panapomtosha. Shada la maua lilikuwa na sekunde kumi na moja. Kipande cha Mama Nekoye, ukianzia anapoinama na kuishia udongo unapomtoka mkononi, kilikuwa na sekunde kumi na moja. Nikabonyeza kile kitufe. Wimbo uliendelea chini yake bila kukatika, na mkono wake ulifunguka pale pale mwimbaji alipopumua. Nilirudia kuangalia mara tatu. Mshono haukuonekana kabisa. Ninaweza kusema kwa unyofu kwamba huo ndio uliokuwa mshono wangu wa kwanza mzuri, na kwamba niliona fahari. Sikumwona mwanamke aliyehamishwa kutoka mbele ya mstari hadi kwa majirani. Niliona mkono na wimbo.

Wiki chache baadaye Japheth alirudi studio, mchangamfu, akatuomba tupeleke televisheni, mashine na jenereta Chwele, kwa sababu kulikuwa na kikao mbele ya naibu wa chifu. Mama Nekoye alikuwa ameleta fundi kupima nyumba yake, na Japheth amemzuia. Mama alisema alitangulia kutupa udongo na boma zima liliona. Japheth alisema, basi si tuangalie kanda? Alipoondoka, Mzee Shabani alifunga mlango, akaniambia niweke nakala yetu. Tulitazama bila sauti, na bila chakula. Udongo ulipopita akasimamisha picha.

"Kanda ya kwaya iko wapi?"

Nikamwambia. Kanda zilikuwa ghali, na desturi yetu ilikuwa kuzitumia tena kazi ikishakabidhiwa. Juu ya kanda ile nilikuwa nimerekodi siku ya wazazi ya shule moja ya hapo Kitale. Mama Nekoye halisi alikuwa amefunikwa na watoto wakiimba shairi la usafi.

Mzee alizima mashine. Hakunigombeza, na mpaka leo natamani angenigombeza. Alisema tu kwamba watu wanatuita kwa sababu wanaamini tulichoshika ndicho kilichotokea, na siku wakijua kwamba tunahamisha vitu, hakuna bibi harusi atakayeamini harusi yake. Kisha akasema labda wazee watajikumbukia wenyewe. "Si walikuwa hapo," akasema. Nilishikilia maneno hayo njia nzima.

Kikao kilikuwa sebuleni kwa marehemu, mchana, mapazia yamefungwa ili picha ionekane. Palikuwa na chai na viazi vitamu, na vitambaa vyeupe vilivyofumwa juu ya kila kiti. Mzee Shabani alibaki nje kulinda jenereta lisizime, kwa hiyo hakusikia lolote, nami siwezi kumtupia lawama ya kilichofuata. Mimi nilikaa chini karibu na skrini, rimoti mkononi. Nilicheza kanda. Mke mdogo akatupa. Watoto na ndugu wakatupa. Akaja Mama Nekoye, mkono wake ukafunguka na wimbo, halafu majirani. Nilikuwa natazama nyuso za wale wazee, wale wale waliokuwa wamekaa nyuma ya nyumba siku ile na kuamua. Niliona jambo ambalo nimeliona mara nyingi baadaye katika kazi hii lakini halijawahi kuniuma vile. Niliwaona wakiyaacha macho yao wenyewe. Mmoja alitikisa kichwa, akamnong'oneza mwenzake kwamba yeye alidhani mama alitangulia, lakini basi, uzee nao. Mwenzake akasema video haina uzee.

Mama Nekoye alikuwa ameketi kwenye benchi karibu na mlango na binti yake. Hakubishana na Japheth. Aliniangalia mimi.

"Mwanangu," akasema, "wewe ulikuwa umeshika waya, ulisimama pale kwa jikoni. Uliniona. Waambie."

Naibu wa chifu akanigeukia, akaniuliza kwa upole kama mambo yalikwenda vile. Palikuwa na kitu kimoja ambacho mimi peke yangu nilikijua. Katika zile sekunde kumi na moja, nyuma ya bega lake, lundo la udongo lilikuwa zima, halijaguswa, na sepetu imesimama juu yake. Katika picha za watoto lundo lilikuwa limeshalika upande mmoja. Ningesimamisha picha, nikainuka, nikaweka kidole hapo, yeyote chumbani angeelewa, hata kama hajui mhariri ni mtu gani. Rimoti ilikuwa mkononi mwangu. Nilifikiria studio, nikafikiria Mzee ambaye hakunigombeza, nikafikiria, na hili ndilo la kweli zaidi, kwamba kila mtu mle ndani angejua mimi ndiye niliyekosea.

"Mimi naonyesha tu vile kanda iko," nikasema.

Kila neno lilikuwa kweli. Naibu wa chifu akanishukuru. Japheth akaniongezea chai. Mama Nekoye alimshika binti yake mkono wakatoka, na nilipotazama chini niliona bado nimeshika kiazi kilichomegwa nusu.

Niliacha kazi Kitale kabla ya Krismasi. Mzee Shabani hakuniuliza sababu. Alinipa mkasi wake mdogo na barua nzuri ya kunipendekeza, na alipofariki miaka mingi baadaye hatukuwa tumezungumza hata mara moja juu ya Chwele. Nairobi nilipata kazi upesi, kwa sababu nilijua kuficha mshono. Ukweli ni kwamba nilisifiwa maisha yangu yote kwa kitu nilichojifunza siku ile. Wewe unayeanza, nikikuambia anza kwa kuangalia kile kilicho nyuma ya bega la mtu kabla ya kumsogeza, utadhani nakufundisha ufundi. Ni ufundi, lakini mimi sikulipia somo hilo. Alilipia mtu mwingine.

Misikhu nilifika asubuhi. Nekoye alikuwa na chumba cha mbele cha kuuzia na jikoni nyuma, mafungu ya sukuma na kunde yamepangwa juu ya gunia lililolowa. Kaburi lilikuwa hatua chache kutoka mlango wa jikoni, kwenye kipande chake cha ardhi, kati ya migomba na choo cha jirani, udongo ukiwa bado mwekundu. Aliona nikilitazama. Alisema nafasi ni ndogo, lakini wangefanyaje. Akaweka chai jikoni, akaniletea kadi ya kumbukumbu ya simu ya mpwa wake, yenye picha za mazishi, ndani ya bahasha, akaiweka mezani mbele yangu. Akaomba samahani kwamba picha zinatikisika.

Tulizungumza juu ya mama yake. Alisema alikuwa mtu wa utani, alipenda kuwaiga wateja wabahili. Miaka ya kwanza, alisema, alikuwa akisimulia habari ya udongo kwa kila mtu, alivyoinama, alivyouchota, nani alikuwa amesimama wapi. Mtu mmoja wa ukoo akawaletea nakala ya kanda, na mama akaanza kuitazama.

"Akaangalia, akaangalia," Nekoye akasema. "Mwisho hata yeye akaanza kusema labda alisahau. Ati labda alitupa nyuma ya wale watoto kweli, kwa sababu amejiona mwenyewe. Mimi nilimwambia, Mama, nilikuwa hapo, ulitangulia. Akaniambia, wewe ulikuwa unalia, ungeona nini."

Nikamweleza. Nilimweleza kama ninavyowaeleza vijana wangu, hatua kwa hatua, mashine mbili, ukuta wa matofali, kanda ya kwaya, shada la maua, kitufe, lundo la udongo nyuma ya bega. Sikuacha kitu. Alinisikiliza akiwa amesimama na kijiko mkononi, na ndani ya sufuria chai ilichemka mpaka ikapungua. Nilipomaliza, alizima jiko.

"Basi ungemwambia yeye," akasema.

Hakulia wala hakupandisha sauti. Nje mteja aliita, naye akamjibu angoje kidogo. Akanyoosha mkono, akaichukua ile bahasha mbele yangu, akaifunga kwenye ncha ya leso yake, fundo la kwanza, kisha la pili. Halafu akavuta kikombe changu, akanimiminia chai iliyobaki, akaniambia ninywe, safari ya Nairobi ni ndefu.